Mkopo wa nyumba Dar es Salaam: namna ya kujua utalipa jumla ya shilingi ngapi mpaka siku ya mwisho

Mtu akiingia benki pale Posta au Mlimani City kuulizia mkopo wa nyumba, swali lake la kwanza karibu kila mara ni hilohilo: rejesho la mwezi ni shilingi ngapi? Afisa mikopo anabonyeza kompyuta, anataja kiasi, mteja anakilinganisha na mshahara wake kichwani, anaona kinabebeka, wanapeana mikono. Jumla ya fedha zitakazotoka mfukoni kwa miaka ishirini haijatajwa na yeyote, wala hakuna aliyedanganya. Haikuulizwa tu.

Mwongozo huu unakuonyesha namna ya kuipata jumla hiyo mwenyewe, kabla hujasaini. Nitatumia mfano mmoja mwanzo hadi mwisho: nyumba ya vyumba vitatu Goba, bei shilingi milioni 125. Mnunuzi anatoa mchango wake wa asilimia 20, yaani milioni 25, na anakopa milioni 100 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, miaka 20. Riba hiyo nimeichagua kwa sababu mikopo ya nyumba nchini imekuwa ikizunguka kwenye asilimia kumi na kitu kwa miaka mingi. Wewe weka tarakimu zako.

Hatua ya 1: Hakikisha riba uliyotajiwa inapigwaje

Asilimia mbili zinazofanana zinaweza kuwa na bei tofauti kabisa. Kuna riba inayopigwa kwenye salio lililobaki, ambayo hupungua kadiri unavyolipa. Na kuna riba inayopigwa kwenye mkopo wote wa mwanzo, mwaka wa kwanza hadi wa mwisho, hata kama umeshalipa nusu.

Chukua milioni 100 kwa miaka 10, "riba asilimia 10 tu", lakini inapigwa kwenye mkopo wote. Riba ni milioni 10 kila mwaka, jumla milioni 100, na rejesho ni kama 1,667,000 kwa mwezi. Sasa chukua mkopo huohuo kwa asilimia 15 ya salio linalopungua: rejesho ni 1,613,350. Ile "kumi" ni ghali kuliko hii "kumi na tano". Ukiigeuza kuwa riba ya salio inakaribia asilimia 16.

Mabenki makubwa kwa kawaida hutumia salio linalopungua kwenye mikopo ya nyumba. Ile nyingine utakutana nayo zaidi kwa wakopeshaji wadogo, na kwa baadhi ya wauzaji wa viwanja na nyumba wanaokubali malipo kwa awamu. Uliza waziwazi: "Riba hii inapigwa kwenye salio au kwenye mkopo wote?" Jibu liwe kwenye maandishi.

Kama unachukua mkopo wa utaratibu wa Kiislamu, benki huinunua nyumba na kukuuzia kwa bei yenye faida ndani yake, kwa hiyo hakuna riba ya kuuliza. Jumla ya bei ya kuuziwa ndiyo swali lako, na hapo una bahati: kwenye mkataba wa aina hiyo, uitwao murabaha, jumla lazima iandikwe tangu mwanzo.

Hatua ya 2: Piga hesabu ya jumla kwa mkono wako

Huhitaji kuwa mhasibu. Fungua Excel kwenye kompyuta, au programu yoyote ya majedwali kwenye simu, andika:

=PMT(0.15/12,240,-100000000)

Hapo 0.15 ni riba ya mwaka, 240 ni idadi ya miezi, na milioni 100 ni mkopo. Utapata takriban 1,316,790. Zidisha kwa 240. Jibu ni milioni 316.

Yaani kila elfu moja unayokopa, utairudisha ikiwa 3,160. Iweke kichwani hesabu hiyo, maana itakusaidia kwenye hatua zinazofuata.

Sasa badilisha muda tu, vingine viache vilevile:

- Miaka 10: rejesho 1,613,350, jumla milioni 193.6
- Miaka 15: rejesho 1,399,587, jumla milioni 251.9
- Miaka 20: rejesho 1,316,790, jumla milioni 316.0
- Miaka 25: rejesho 1,280,831, jumla milioni 384.2

Angalia mstari wa tatu na wa nne. Ukitoka miaka 20 kwenda 25, rejesho linapungua kwa shilingi 36,000 hivi. Kwa ahueni hiyo unaongeza deni kwa zaidi ya milioni 68. Ukirudi nyuma kutoka 20 hadi 15, unaongeza kama 83,000 kwa mwezi na kuokoa milioni 64. Hizo 83,000 wapo wanaozimaliza kwa bodaboda na vocha bila kuona zilikokwenda.

Ndiyo maana nasema mteja anayejadiliana rejesho pekee anajadiliana kitu kisicho sahihi. Kwa riba kama zetu, kurefusha muda kupita miaka 15 hakukupi nafuu ya maana kwa mwezi, maana rejesho karibu lote limeshakuwa riba. Mwenzako aliyeko Ulaya anayekopa kwa asilimia 3 au 4 ana sababu ya kupenda miaka 30. Ushauri wake usiubebe mzima kuuleta Dar.

Kuna na ile hoja ya kwamba "mfumuko wa bei utalila deni". Bei za vitu nchini zimekuwa zikipanda kwa asilimia 3 hadi 5 kwa mwaka katika miaka ya karibuni. Deni lako linakua kwa 15. Hapo anayeliwa ni wewe.

Hatua ya 3: Omba jedwali la marejesho, usome mstari wa kwanza

Jedwali la marejesho ni karatasi inayoonyesha kila mwezi umelipa kiasi gani, riba ni kiasi gani, na deni la msingi limepungua kwa kiasi gani. Benki yoyote inaweza kukuchapia kabla ya kusaini. Mfano wetu unaanza hivi:

Mwezi wa 1: rejesho 1,316,790. Riba 1,250,000. Deni la msingi 66,790. Salio 99,933,210.

Umetoa zaidi ya milioni moja na laki tatu, na deni limepungua kwa pesa isiyotosha hata mifuko mitano ya saruji. Si wizi. Riba ya mwezi ni salio mara asilimia 15 gawanya kwa 12, na salio bado ni kubwa. Lakini shuka na jedwali uone linakokupeleka.

Baada ya miaka mitano umeshalipa milioni 79. Salio: milioni 94.1.

Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, umeshalipa milioni 158. Salio: milioni 81.6.

Hapa ndipo watu hupatwa na mshtuko wanapotaka kuuza nyumba mwaka wa sita kwa sababu ya uhamisho wa kazi, talaka au ugonjwa. Wanadhani robo ya deni imeondoka, kumbe haijafika hata asilimia kumi. Kama unajua huenda usikae kwenye nyumba hiyo zaidi ya miaka mitano, liangalie salio la mwaka wa tano kabla hujaangalia kitu kingine chochote.

Hatua ya 4: Jumlisha gharama za mlangoni

Hizi hulipwa kabla hujapewa funguo, na mara nyingi mnunuzi aliyekusanya mchango wa asilimia 20 kwa jasho anajikuta ameishiwa katikati ya mchakato. Zihesabu zote: ada ya kushughulikia mkopo, ambayo huwa asilimia fulani ya mkopo na VAT ya asilimia 18 juu yake, ada ya mthamini, ada ya wakili, ushuru wa stempu, takriban asilimia 1 ya thamani, ada za kuhamisha hati na kusajili rehani, na utafutaji wa taarifa za kiwanja kwa Msajili wa Hati. Huu wa mwisho ni wa bei ndogo, na ndio utakaokuambia kama nyumba tayari imewekwa dhamana kwingine au ina zuio.

Kama nyumba ni mpya na inauzwa na kampuni ya ujenzi, uliza kama bei iliyotangazwa ina VAT ndani. Kwenye milioni 125, asilimia 18 ni milioni 22.5. Hiyo ni karibu mchango wako wote.

Kodi ya ongezeko la mtaji ni ya muuzaji, asilimia 10 ya faida kwa mkaazi. Ila uhamisho haukamiliki bila TRA kuridhika, na wauzaji wengi wa Dar hupenda kumtupia mnunuzi. Mkubaliane mapema, iandikwe kwenye mkataba wa mauziano.

Bima ya maisha ya mkopo ni sharti la karibu kila benki, na ni jambo jema, kwa sababu ukifariki familia haibaki na deni. Tatizo ni namna inavyolipwa. Mara nyingi utaambiwa, "Usijali dada, tutaiingiza kwenye mkopo." Tuseme bima ni milioni 3. Ikiingizwa kwenye mkopo, kumbuka ile 3,160 kwa kila elfu moja: bima ya milioni 3 imekuwa milioni 9 na nusu. Kama una uwezo, ilipe taslimu, pamoja na ada nyingine zote watakazokushawishi kuzipakia kwenye deni.

Hatua ya 5: Ijaribu riba kabla haijakujaribu wewe

Fungua barua ya ofa utafute kifungu kinachosema benki inaweza kubadili riba kwa kukupa taarifa. Kwa mikopo mirefu kifungu hicho kipo mara nyingi. Tangu Januari 2024 Benki Kuu inaendesha sera ya fedha kwa kutumia riba yake, iliyoanzia asilimia 5.5 na kupandishwa hadi 6 Aprili mwaka huohuo. Riba ya benki yako haifuati hatua kwa hatua, lakini mwelekeo wa gharama za fedha unaihusu.

Rudia hesabu ya hatua ya 2 kwa asilimia 17. Rejesho linakuwa 1,466,800, nyongeza ya laki moja na nusu kila mwezi. Mshahara wako unaiweza?

Sasa uliza swali ambalo wachache huuliza: riba ikipanda, mnaongeza rejesho au mnaongeza muda? "Tunaongeza muda" inasikika kama huruma. Lakini riba ya mwezi ya milioni 100 kwa asilimia 17 ni 1,416,667, kubwa kuliko rejesho lako la zamani lote. Hata kama umeshalipa miaka mitano na salio ni milioni 94, riba ya mwezi bado ni kama 1,333,000. Ukibaki na rejesho lilelile, deni linapanda badala ya kushuka, na hakuna idadi ya miaka itakayolimaliza. Bora rejesho lipande, uumie sasa.

Kuhusu mikopo ya dola nitasema kwa kifupi: kama unalipwa shilingi, achana nayo. Dola iliyokuwa karibu shilingi 1,650 mwaka 2014 ilivuka 2,600 mwaka 2024. Nafuu ya riba ndogo ya dola inaweza kuliwa na mabadiliko kama hayo.

Hatua ya 6: Ona kama umri, mshahara na hati vinakuruhusu

Benki nyingi hutaka mkopo uishe kabla ya kustaafu, na kwa watumishi wengi wa umma umri wa lazima ni miaka 60. Mwenye miaka 48 ana miaka 12, basi, hata kama tangazo linasema 25.

Kwa mwajiriwa, baada ya makato yote inatakiwa ibaki angalau theluthi moja ya mshahara wa msingi. Kama bado unalipa Bodi ya Mikopo ya elimu ya juu, asilimia 15 ya mshahara wa msingi imeshaondoka hapo. Na theluthi ni kiwango cha kisheria, haimaanishi kwamba utaishi. Ada za watoto na mgonjwa wa kijijini havimo kwenye fomu ya benki.

Hati ya miaka 33 iliyotolewa zamani inaweza kuwa imebakiza michache kuliko muda wa mkopo, na benki itakataa au itafupisha. Leseni ya makazi, ambayo watu wengi wa maeneo yasiyopimwa wanayo, ni ya muda mfupi na haikubaliki kirahisi kwa mkopo mrefu. Na kama ni nyumba ya familia, Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka ridhaa ya mwenza kabla ya kuiweka rehani. Mwenza akijua jumla ni milioni 316, si 1,316,790, mazungumzo yenu ya chakula cha usiku yatakuwa tofauti. Afadhali yafanyike sasa.

Hatua ya 7: Weka gharama za kuimiliki

Kodi ya majengo ni ndogo: kwa nyumba ya kawaida ni 1,500 kwa mwezi tangu Julai 2023, unakatwa ukinunua umeme wa LUKU. Kodi ya pango la ardhi ni ya kila mwaka, inategemea ukubwa, matumizi na eneo. Bima ya moto na majanga benki itaidai kila mwaka. Hakikisha inataja mafuriko kwa jina, hasa ukiwa karibu na Msimbazi au bonde lolote ambalo kiangazi huonekana kama uwanja wa mpira.

Matengenezo ndiyo watu huyasahau. Kwa hewa ya chumvi ya ukanda wetu, bati na nondo za madirisha haziishi kama za Dodoma. Mimi huweka asilimia 1 ya bei ya nyumba kwa mwaka: milioni 1.25 kwa mfano wetu, milioni 25 kwa miaka 20. Kwenye ghorofa kuna pia ada ya huduma ya pamoja, ya lifti, ulinzi, jenereta na usafi, na hupanda bila kukuomba ruhusa.

Usafiri nao ni sehemu ya bei ya nyumba. Nyumba iliyo nafuu kwa milioni 20 kule Kigamboni ya ndani inaweza kukudai tofauti hiyo kwa mafuta, kivuko au tozo ya daraja, nenda rudi, kwa miaka ishirini.

Tujumlishe. Mchango milioni 25, marejesho 316, gharama za mlangoni bila bima ya maisha ya mkopo tuseme 4, bima ya nyumba laki mbili na nusu kwa mwaka ni 5, matengenezo 25, kodi ya majengo laki tatu na sitini elfu. Inakaribia milioni 375. Nyumba ya milioni 125 imegharimu mara tatu ya bei yake.

Hatua ya 8: Linganisha na njia nyingine mbili

Jumla ikitisha, isikukimbize kabla ya kuilinganisha. Tuseme nyumba kama hiyo ungeipanga kwa laki sita kwa mwezi, na mwenye nyumba anapandisha kwa asilimia 5 kila mwaka. Kwa miaka 20 ungelipa karibu milioni 238, tena kwa mafungu ya miezi sita au mwaka, na mwisho huna kitu. Tofauti ni milioni 137, ila mwenye mkopo ana nyumba. Kodi ikiwa ndogo zaidi, tuseme laki tatu kwa sababu unatosheka na vyumba viwili Tabata, mlinganyo unageuka.

Njia ya pili ni ile ya wengi wetu: kununua kiwanja, kumwaga msingi, kuinua boma, kupaua, kuhamia bila plasta. Haina riba. Ina gharama zake: kodi unayoendelea kulipa, saruji inayopanda, fundi anayetoweka, boma linalokaa miaka saba likiota majani. Kwa anayeweza kuhamia ndani ya miaka minne au mitano, bado ni nafuu kuliko mkopo wa miaka 20, sioni ubishi hapo. Kinachokaa katikati, na ambacho watu hawakifikirii vya kutosha, ni kujenga mwenyewe hadi boma kisha kukopa kidogo kwa muda mfupi wa kumalizia. Milioni 30 kwa miaka mitano kwa riba hiyohiyo ni rejesho la kama 714,000, na riba yote haifiki milioni 13.

Hatua ya 9: Ukishachukua, ushambulie mapema

Kwa kuwa mwanzoni rejesho karibu lote ni riba, shilingi ya ziada inayoingia kwenye deni la msingi miaka ya kwanza ina nguvu ajabu. Kwenye mfano wetu, ukilipa milioni 10 za ziada mwisho wa mwaka wa kwanza na kuendelea na rejesho lilelile, mkopo unaisha miezi 77 kabla ya wakati. Baada ya kutoa hizo milioni 10, umeokoa kama milioni 92. Ukiongeza 200,000 kila mwezi tangu mwanzo, unamaliza kwa miezi 140 badala ya 240, na jumla inashuka kutoka milioni 316 hadi 212.

Mambo mawili yanaweza kuharibu mpango huu. La kwanza ni ada ya kulipa kabla ya muda. Isome kwenye ofa, na ijadili kabla ya kusaini, wakati benki bado inakutaka. La pili ni la kimyakimya: ukipeleka fedha za ziada, mfumo unaweza kupunguza rejesho lako na kuacha muda palepale, au fedha zikakaa kwenye akaunti zikisubiri marejesho yajayo. Andika barua: "Naomba kiasi hiki kipunguze deni la msingi, rejesho libaki kama lilivyo, na muda ufupishwe." Dai jedwali jipya lenye tarehe ya mwisho mpya. Lisipotoka, rudi tena.

Mambo yakienda kombo, usisubiri wakutafute. Kisheria mkopeshaji anatakiwa akupe ilani ya siku 60 kabla ya kutumia haki yake juu ya nyumba, na anapouza ana wajibu wa kutafuta bei nzuri. Bei ikiwa chini ya wastani wa soko kwa asilimia 25 au zaidi, unayo hoja ya kupeleka mahakamani. Lakini ripoti ya mthamini ilishaonyesha tangu siku ya kwanza thamani mbili, ya soko na ya kuuza kwa lazima, na ile ya pili ni ndogo. Ndani ya siku 60 tafuta mnunuzi mwenyewe, kwa ridhaa ya benki, kabla ya mnada.

Na ukimaliza rejesho la mwisho, kazi haijaisha. Omba barua ya kumaliza deni, hakikisha rehani imefutwa kwa Msajili wa Hati, chukua hati yako mkononi, kisha baada ya wiki chache fanya utafutaji mwingine uone jina la benki limetoka kweli.